Nyimbo Mnazo, Haya Mengine Ninayo Mimi

Hotuba iliyotolewa Tabora mbele ya walimu, wanafunzi wa sekondari na wapenzi wa muziki wa dansi

Asalaam alaykum. Bwana Yesu asifiwe. Wazee wangu wa Unyanyembe, mwangaluka.

Mwalimu aliyenipigia simu aliniambia, "Mama, njoo utusimulie maisha ya mwanamuziki wetu." Nikamjibu kwamba maisha yake ya jukwaani wapo wanaoyajua kuliko mimi. Wamekaa hapa mbele wazee wawili waliopiga naye, mmoja tumba, mmoja gitaa la ridhimu. Ukitaka kujua bendi ililala wapi, nani aliachwa na gari, kiingilio kilikuwa shilingi ngapi, waulize wao. Mimi nilikuwa nyumbani na nilichonacho ni cha nyumbani. Nikakubali kuja kwa sharti kwamba nitasimulia namna ninavyokitunza, na kwa nini vingine sivitoi.

Jina lake nimeomba lisiandikwe kwenye karatasi ya hotuba hii. Ninyi mliomo humu mnalijua, na nyimbo zake mnaziimba harusini. Lakini leo nitagusa watu wengine walioishi naye, na hao wana watoto na wajukuu. Niite mimi mama wa watu, naye nimwite mzee wangu, kama nilivyomwita siku zote.

Tabora haihitaji kufundishwa muziki na mtu. Hapa ndipo alipotoka Salum Zahoro na Kiko Kids wake. Hapa ilikuwako Nyanyembe Jazz, na hapa ilikuwako Tabora Jazz, bendi aliyoipigia Shem Karenga. Vijana mnaopita Isevya na Ng'ambo mkiwa na spika za masikioni, barabara mnazopita zilikuwa na gitaa kabla baba zenu hawajazaliwa. Reli ilifika hapa mwaka 1912 na ikafika Kigoma mwaka 1914, na treni hiyo hiyo ndiyo iliyomleta mzee wangu kutoka Ujiji mwaka 1968, daraja la tatu, ana gunia la dagaa la kuuza njiani na gitaa lisilo na uzi wa sita. Nilikutana naye miaka sita baadaye. Nilikuwa nafanya kazi kwenye maktaba ya shule, akaja kuomba karatasi tupu. Hakuomba kitabu, aliomba karatasi. Nikampa tano. Nikaishi naye miaka 32, hadi alipofariki mwaka 2006.

Sikuwa mke wake wa kwanza. Bi mkubwa alikuwa Ujiji. Nalisema hili mapema kwa sababu bila yeye hotuba hii haina miguu, na nitamrudia.

Alipofariki aliacha kanda za kaseti 43, madaftari saba, picha nyingi, mashati, na barua. Barua zilikuwa kwenye sanduku la bati alilonunua Mwanza. Nikiwa eda, miezi minne na siku kumi, sikuligusa. Sanduku lilikuwa chini, pembeni mwa ukuta wa nyuma, na mvua zilikuwa zimeanza. Ninyi ni watu wa Tabora, mnajua kinachotoka ardhini mvua zikianza. Mchwa walipanda kwenye pembe iliyooza, wakaingia. Nilipofungua, barua za kuanzia mwaka 1979 hadi 1982 zilikuwa udongo. Nilizishika zikamong'onyoka mkononi. Miaka ile ndiyo bendi ilikuwa inazunguka nchi nzima, na alikuwa ananiandikia karibu kila kituo.

Mimi ni mtu wa maktaba. Nilikuwa nawafundisha wanafunzi kutoweka kitabu sakafuni. Najua kwamba majonzi humfanya mtu asione kilicho mbele ya macho yake, lakini barua zile hazirudi. Kwa hiyo wenye wazee wenu walio hai, na wenye masanduku chini ya vitanda, nendeni leo jioni mkainue. Weka matofali, weka ubao. Kama ni kabati, tia miguu yake kwenye vikopo vyenye mafuta kama bibi zetu walivyofanya kwa vitanda. Majani ya mwarobaini makavu yasaidie, lakini usiyategemee peke yake. Fungua kila mwezi uangalie.

Kanda nazo zina adui wengine. Zangu zilikuwa juu ya kabati, chini ya bati bila dari, na mnajua jua la hapa mwezi wa kumi. Gamba la plastiki linapinda, kile kijisponji kinachobana utepe kwenye kichwa cha redio kinabanduka, na utepe wenyewe ukikaa miaka bila kuzungushwa unashikana. Kijana mmoja mwenye studio ndogo ya kurekodia matangazo ya harusi alinisaidia. Hakukimbilia kuzicheza. Alizungusha kila kanda taratibu kwa kalamu, mbele na nyuma, akahamisha tepe sita kwenye magamba mapya kwa bisibisi ndogo, ndipo akarekodi kwenye kompyuta. Akaniambia tusihifadhi kwa MP3 pekee, kwa sababu faili hiyo hupunguza sauti ili iwe ndogo, na kilichopunguzwa hakirudi. Tukahifadhi faili kubwa zisizobanwa. Sasa nakala moja ninayo, ya pili anayo binti yangu Dodoma, ya tatu iko Ujiji. Na kanda zenyewe sikuzitupa. Mtu akikwambia ukishaingiza kwenye kompyuta utupe kaseti, usimsikilize.

Sasa mtaniuliza kuna nini humo. Mnafikiri kuna nyimbo ambazo hazijawahi kutoka. Zipo vipande viwili vitatu. Nyimbo alizozimaliza zilikwenda Dar es Salaam, Radio Tanzania wakazirekodi, na nyingine zikawa santuri. Hizo ni zenu. Kwenye kaseti kuna nyumba. Alikuwa na redio kaseti ya betri kubwa, akipata sauti kichwani anabonyeza hata kama mtoto analia. Kwa hiyo unasikia napepeta mchele huku yeye anatafuta sauti ya pili. Unasikia jirani anabisha hodi kuuliza kama duka la ushirika limeleta sabuni. Hiyo ni mwaka 1984, wakati wa uhaba, tulipokuwa tunapanga mstari alfajiri kwa kipande cha sabuni. Yeye anamjibu jirani huku vidole vinaendelea kwenye nyuzi. Mwanafunzi wa historia anayetaka kujua mwaka 1984 ulikuwaje Tabora, sijui kitabu gani kitampa sauti ile ya jirani yangu.

Na madaftari ni hivyo hivyo. Yalikuwa ya matumizi ya nyumbani: mkaa, nyanya, mafuta ya taa, nauli ya mtoto. Pembeni, kwa mwandiko mwingine wa haraka, maneno ya wimbo. Kuna ukurasa mmoja mstari wa wimbo maarufu kuliko zote umekatwa mara nne, na chini yake nimeandika mimi, kwa hasira, kwamba daftari hili ni la hesabu.

Ndani ya eda alikuja mwandishi mmoja. Alikuwa na heshima, alitoa pole, akaomba picha za kuandikia makala ya kumbukumbu. Nilimpa kumi na moja. Makala ilitoka, picha hazikurudi hadi leo, na mbili kati ya hizo sina nyingine. Moja ni yeye amembeba mwanangu wa kwanza stesheni ya treni. Nalisimulia ili mjue kwamba mtu aliyefiwa hana nguvu ya kukataa. Ukienda kwa mjane kutafuta historia, piga picha ya picha ukiwa hapo hapo, uiache ya asili mezani kwake. Simu zenu zinaweza.

Nilipopata nguvu nilianza kusoma. Nilitaka kujua wanawake wengine waliokaa na wanamuziki wakubwa walifanya nini na vitu vya ndani. Kusoma ni kazi niliyoizoea, na nilikuta dada zangu wengi huko mbali.

Lucille Armstrong ndiye niliyempenda kuliko wote. Mume wake Louis Armstrong, mpiga tarumbeta wa Marekani, alikuwa na ugonjwa kama wa mzee wangu: alirekodi nyumba yake. Alikuwa na mashine za mikanda mikubwa ya kuzungusha, akaacha mamia ya mikanda. Ndani yake wanazungumza, wageni wanacheka, redio inalia, na mara nyingine Lucille mwenyewe anasikika. Maboksi ya mikanda aliyapamba kwa picha alizokata na kubandika kwa mkono wake. Walioana mwaka 1942, na mwaka uliofuata Lucille alinunua nyumba ya kawaida katika mtaa wa watu wa kawaida, Corona, Queens, jijini New York, wakaishi hapo hadi mwisho. Armstrong alifariki mwaka 1971. Lucille hakuiuza nyumba wala hakuvitawanya vitu. Alipofariki yeye mwaka 1983, nyumba ikawa mali ya jiji, na mwaka 2003 ikafunguliwa kuwa makumbusho. Hesabuni: tangu kifo cha mume hadi mlango kufunguliwa ni miaka 32. Mimi nilipoisoma hesabu hiyo nilipumua, kwa sababu watu walikuwa wananiambia nimechelewa, na mimi nilikuwa na miaka mitano tu.

Wa pili ni Constanze, mke wa Mozart, mtunzi mkubwa wa muziki wa Austria. Mozart alifariki Vienna tarehe 5 Desemba 1791, akamwachia madeni, watoto wawili na kazi ya misa ya wafu ambayo haikuisha. Mama huyu hakuwa na miaka 30. Watu wamemsema sana, kwamba alikuwa mpenda starehe, kwamba aliuza karatasi za mume wake. Ni kweli aliuza miswada, kwa mchapishaji Johann Anton André, na kwa sababu aliiuza kwa pamoja, mingi haikupotea. Baadaye aliolewa na Georg Nikolaus von Nissen, naye akamwandikia Mozart kitabu cha maisha yake. Nissen alifariki mwaka 1826 kabla kitabu hakijatoka, na Constanze akahakikisha kimetoka mwaka 1828. Mume wa pili anaandika maisha ya mume wa kwanza, na mke anamsaidia! Hapa kwetu watu wangezungumza mwaka mzima.

Lakini katika barua za Mozart yako maneno na majina yaliyofutwa kwa wino, na wengi wanasema aliyeyafuta ni Nissen. Barua zipo, majina yamezikwa. Na jambo jingine lililonikosesha usingizi: barua ambazo Mozart alimwandikia Constanze zimebaki, tunazisoma. Barua ambazo Constanze alimwandikia Mozart hazikubaki hata moja. Mwanamke aliyetunza sauti ya mume wake miaka 50, yake mwenyewe imepotea.

Nilipolisoma hilo nilikifunga kile kitabu nikaenda kutafuta barua zangu. Nilikuwa nimehesabu za kwake tu. Zangu nilikuta tisa, kwenye mfuko wa ndani wa kasha la gitaa, zimefungwa kwa uzi mkuukuu wa gitaa. Sasa nimeziweka pamoja na zake, kwa tarehe. Ukisoma yake ya Mpanda unasoma jibu langu.

Wa tatu sitakaa naye sana kwa sababu ananiumiza. Clara Schumann, mpiga piano mkubwa wa Ujerumani, mwaka 1893 alichoma vipande vitano vya muziki ambavyo mume wake Robert alivitunga miaka 40 nyuma, karibu na kuugua kwake akili. Aliona havifai kuibeba heshima ya mume wake. Namwelewa. Nimesimama mbele ya jiko la mkaa nikiwa na barua moja mkononi, nikafikiria hivyo hivyo. Lakini simuungi mkono. Alichokiona hakifai, mwingine angeweza kukisikia kwa huruma baada ya sisi wote kuondoka.

Barua ile sikuichoma. Nitawaeleza ni ya nini bila kuwaeleza ina nini.

Mnaujua ule wimbo wa mwanamke aliyemkimbia mwanaume na kumwachia mtoto mchanga. Mji huu umeimba wimbo ule miaka zaidi ya 30, na watu wamemtaja mwanamke mmoja kwamba ndiye. Alitaniwa sokoni, alitaniwa kwenye ngoma, hadi akahama. Mimi najua si yeye. Barua inasema ni nani, na huyo anayetajwa na barua ana watoto hapa mjini, watu wazima wenye heshima zao, huenda hata wamo humu. Nifanye nini? Nikinyamaza, yule wa kwanza amebeba mzigo usio wake. Nikisema, nimewapa wengine mzigo ambao hawakuuomba. Nimelifikiria miaka mingi na nilichoweza ni hiki: nasema hadharani leo, mbele yenu, kwamba yule mnayemtaja siye. Mwacheni. Ni nani, hilo liko kwenye bahasha iliyofungwa kwa lakiri, imeandikwa ifunguliwe mwaka 2060.

Serikali yenyewe hufanya hivyo. Kwa sheria ya kumbukumbu na nyaraka ya mwaka 2002, nyaraka za umma zinakaa miaka 30 kabla watu hawajafunguliwa kuzisoma. Haichomi, inasubiri. Sisi majumbani tunajua mawili tu, kuchoma au kutangaza.

Na msifikiri barua ikiwa mkononi mwako basi ni yako. Karatasi ni yangu. Maneno ni ya aliyeandika, na sheria yetu ya hakimiliki na hakishiriki ya mwaka 1999 inayalinda maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake, kwa ajili ya warithi. Warithi wa mzee wangu wako nyumba mbili, Tabora na Ujiji. Ndipo nilipojua kwamba siwezi kufanya uamuzi wowote peke yangu, na mwaka 2011 nilipanda treni kwenda kwa bi mkubwa.

Sikuwa nimewahi kulala kwake. Tulionana msibani tu, kila mmoja na upande wake. Nilibeba mchele wa kwetu, asali, na redio kaseti. Alinipokea kwa migebuka na ugali wa muhogo, hakuniuliza nimefuata nini hadi tulipomaliza kula. Nikamwambia, "Dada, nina kanda za mzee. Sitaki kuzitoa bila wewe kuzisikia."

Tulisikiliza siku tatu. Kuna mahali alitoka nje, nikasimamisha nikasubiri. Kuna mahali alicheka hadi akashika mbavu, mzee anagombana na kuku. Siku ya tatu niliweka kanda ninayoipenda, ile ambayo anavumisha sauti ya wimbo wenu mkubwa kabla haujapata maneno. Miaka yote nilijua kwamba sauti ile aliipata jikoni kwangu, mchana mmoja, nikiwa napepeta. Nilikuwa nasimulia hivyo kwa fahari. Bi mkubwa alisikiliza kidogo tu, akasema, "Hiyo ya mama yake. Alikuwa anatubembelezea watoto wetu." Akaanza kuiimba. Akaiimba hadi mwisho, na ilikuwa na kipande cha kati ambacho mzee hakukitia kwenye wimbo.

Ningekuwa nimekwenda redioni kusimulia habari za jiko langu, ningekuwa nimemnyang'anya marehemu mama mkwe wangu wimbo wake bila kujua. Ninachokikumbuka kilikuwa kweli. Alivumisha jikoni, nilikuwepo. Lakini kilianza mbali nami.

Nilimwomba ruhusa ya kurekodi anavyoimba, akakubali. Halafu akanishika mkono. Katika kanda ile, baada ya kuvumisha, mzee anazungumza peke yake, anataja jina la bi mkubwa, anasema mambo fulani ya kujuta. Akaniambia, "Hii isitoke nikiwa hai. Sitaki watu waje kuniangalia usoni." Nikamwapia. Ndiyo maana mlipokuwa mkiniuliza, kwa upole na wakati mwingine kwa ukali, kwa nini kanda ya wimbo huo siitoi, nilinyamaza.

Bi mkubwa amefariki mwaka jana. Mungu amrehemu. Watoto wa nyumba zote mbili tulikaa pamoja baada ya arobaini, tukasikiliza, tukakubaliana. Sehemu ya maneno imerudi kwenye bahasha, hiyo wataiamulia wao wakati wao. Sehemu ya sauti wamesema itoke, na itoke Tabora kwanza, pamoja na sauti ya bi mkubwa wa Ujiji.

Kijana, leta karibu hiyo spika. Mtasikia kwanza ungo wangu na mchele, vumilieni, ni kama sekunde kumi. Kisha yeye. Treni ikipiga honi hapo katikati msishtuke, ni ya siku ile. Halafu atafuata bi mkubwa, naye msikilizeni hadi mwisho, hasa kipande cha kati.

Bonyeza, mwanangu.